Tua Kwanza

Chumba chetu pale mtaa wa Xiaobei, kwa Wachina, kilikuwa ghorofa ya sita, na lifti ilifanya kazi inapojisikia. Nikirudi kutoka Kangle kuchukua magauni kwa mafundi cherehani, robota begani, nilikuwa nikifika ghorofa ya tatu nimeshamlaani aliyejenga jengo lile na ukoo wake. Hapo ndipo nilipokuwa nikisikia ndara zikishuka. Ni mama wa Mombasa niliyepanga naye, mfanyabiashara mkongwe. Ananipokea mzigo, tunapanda.

Mimi nina kiherehere, sikifichi. Nilianza kusimulia ujeuri wa mafundi tungali ngazini. "Meiyou maneno!" alinikata. "Tua kwanza." Meiyou, yaani hakuna, ndilo neno tunalofukuzwa nalo sokoni kila siku, naye akanifukuza nalo mimi. Kwao mwenye mzigo haulizwi habari wala hapewi. Atue, anawe, atie kitu tumboni. Nilimcheka, nikamwambia hayo ni mambo ya watu wasio na haraka.

Siku moja nilirudi alasiri, simu nilikuwa nimeisahau chumbani kwenye chaji. Alinipokea chini kabisa, mlangoni. Juu nikakuta maji ya moto, wali wa nazi na samaki wa kupaka. Nilikula huku nikisimulia jinsi fundi alivyonikatia mikono mifupi kwenye mabaibui, nikacheka mwenyewe, nikaomba kuongezwa samaki. Akaniongeza.

Nilipokwisha kunawa alinishika mikono yote miwili. "Mwanangu, kwenu Dar wamepiga simu. Mama ametangulia, alfajiri ya leo."

"Mama yangu anaoshwa huko, nawe waniongeza samaki?" Niliendelea na mengine ambayo siyaandiki. Alinifungia begi, akalivuta mwenyewe kwenye metro mpaka uwanja wa ndege wa Baiyun, nami sikumwambia hata ahsante. Niliporudi baada ya arobaini, nilikuta amehamia kwao moja kwa moja. Magoti yake yalikuwa yameshindwa na ngazi. Niliona haya kumpigia. Haya hiyo ikala miaka.

Sasa napanga na binti wa Kizanzibari. Mwezi uliopita kwao walimpigia wakamkosa, wakanipigia mimi: kaka yake amefariki. Sikujua nitaanzia wapi. Nikabandika maharage, nikapika chapati. Niliposikia hatua zake chini, nilikuwa nimeshavaa ndara.

Alianza kunisimulia bei pale pale ngazini. "Tua kwanza," nikasema. Alikula chapati tatu. Alinichekesha kuhusu laoban wake, bosi wa duka la viatu, nami nikacheka. Kwa nusu saa ile kaka yake alikuwa bado mzima, na mimi peke yangu ndiye niliyekuwa na msiba. Ndipo nilipoelewa alichonibebea yule mama kwa sahani nzima ya wali.

Nilipomwambia, binti alinipigia kelele. Nilimwacha apige.

Kesho yake, niliporudi kutoka kumsindikiza uwanja wa ndege, nilipiga simu Mombasa. Sauti ilikuwa imezeeka, lakini ni ile ile. Nikaanza, "Mama, nisamehe, siku ile ya samaki..."

"Ushakula?" akauliza.

"Bado."

"Basi kale kwanza. Simu sikati."

Nikala, simu iko mezani, namsikia anapumua.