Ulezi wa Nyamanza

Hapana, huyo hali chapati. Acha kumrushia, mjukuu wangu. Mwekee maji kwenye kigae, halafu kaa mbali umwangalie. Mweusi kwa mweupe, anatikisa mkia kama bibi harusi anayejua anatazamwa: ndege huyo ni nyamanza.

Nilikuwa mdogo kama wewe wakimbizi walipovuka mto, wakajenga vibanda vya nyasi karibu na migomba yetu. Nilikuwa na rafiki huko, Spesioza. Siku moja nyamanza akatua uani kwetu, na bibi yake Spesioza, kiko mdomoni, akasema kwa ile sauti yake ya puani, "Mmm, msimguse. Huyo ndiye ndege wa ukoo wetu, tumekuja naye."

Mimi nikaamini kabisa kwamba kavuka mto nao. Nikawaza, akishiba hapa, hataondoka, na Spesioza naye hataondoka.

Basi mchana ule nikaiba ulezi wa mama, nikaumwaga chini. Tukajilaza kwenye majani ya migomba, nyasi mbichi zinanukia, tunasikiliza tsiri, tsiri yake, mpaka usingizi ukatuchukua. Kuamka, ulezi umekwisha. Tukarukaruka: kashiba! Nikarudi ndani kuchota mwingine.

Mama akanikuta mkono uko ndani ya kapu. Hata hakunipiga.

"We mtoto, nyamanza anakula nzi. Ulezi wamekula kuku wangu. Na huyo ni ndege wa hapahapa. Kina Spesioza ndio lori linawachukua kesho."