Neno Alilovishwa Mzee arap Songok

Siku yangu ya kwanza kazini nilivaa kaptula ya kaki niliyoazima kwa binamu yangu, nayo ilinibana hata sikuweza kuketi. Bahati nzuri mkalimani haketi. Hilo ndilo jambo la kwanza nililofundishwa katika mahakama ya Eldoret, mji ambao wazee walikuwa bado wakiuita Sisibo. Vita vya Hitla vilikuwa vimekwisha juzijuzi. Mimi nilikuwa kijana wa Tiriki niliyesoma misheni, na kwa kuwa mama yangu alikuwa Mterik, watu wa jamii moja na Wanandi, lugha ya Wanandi haikunipa taabu. Kiingereza nilipigiwa viboko mpaka kikaingia. Kwa sababu ya lugha hizo, pamoja na Kiswahili, nilipewa kazi ya kusimama kati ya Bwana Hakimu na mtu aliye kizimbani, yaani kile kijisanduku cha mbao ambamo mshtakiwa husimama, na kuyapitisha maneno ya huyu kwa yule.

Aliyenipokea alikuwa Karani Mkuu, Mgoa mmoja mnene mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi upande wa sikio. Alinitazama kuanzia viatuni, akatikisa kichwa.

"Sikiza, bana. Hapa wewe hapana mtu. Wewe bomba. Maji inaingia huku, inatoka huku. Umewahi kuona bomba inaongeza sukari?"

"Hapana, bwana."

"Basi na wewe usiongeze. Mtu akitukana, tukana. Mtu akilia, usilie, sema maneno yake tu."

Vijana wa leo mnaweza kudhani ukalimani ni kujua lugha mbili. Kujua lugha ndiyo sehemu rahisi. Kazi ilikuwa kujizuia. Mtu anajieleza vibaya mbele yako, wewe unaona kabisa neno ambalo lingemwokoa, na huruhusiwi kumpa. Shahidi akisema "sikumbuki" nawe unajua anaogopa, unasema "hakumbuki" na kunyamaza. Niliizoea kazi hiyo haraka kuliko nilivyozoea viatu.

Bwana Hakimu wetu alikuwa mtu mrefu, mpole wa sauti, aliyependa maneno makubwa ya Kiingereza kama wengine wanavyopenda tumbako. Kwa sababu hiyo Karani Mkuu alikuwa na desturi yake. Kila Jumatatu asubuhi, kabla ya mahakama kufunguliwa, alitukusanya makarani na wakalimani, akatupa neno moja na kutueleza maana yake na mahali pa kulitumia, tusije tukaaibika. Jumatatu moja alitupa neno "contumacious". Sisi tulilitamka kontumeshasi, na nitaliandika hivyo, kwa maana ndivyo lilivyokaa kinywani mwangu maisha yote.

"Ni mkaidi tu, bwana?" niliuliza.

"Hapana! Punda akikataa kutembea, mkaidi. Punda hawezi kuwa kontumeshasi, hata ajaribu namna gani. Kwanza lazima iko mkubwa. Halafu mkubwa anatoa amri. Halafu mtu anasikia amri, anaelewa kabisa, na anakataa. Hiyo ndiyo kontumeshasi."

"Na mtoto anayekataa uji?"

"Mtoto anakataa uji, mkaidi. Babu yake anamwambia, 'Kunywa!' Mtoto anamwangalia babu machoni, anamwaga uji chini. Huyo sasa ni kontumeshasi."

Tulicheka sana siku hiyo. Kwa majuma kadhaa neno hilo lilikuwa mchezo wetu. Tarishi akikataa kutuletea chai tulimwita kontumeshasi, na Karani Mkuu alikuwa akitukosoa kutoka mezani kwake bila kuinua kichwa: "Mlimwomba, hamkumwamuru. Ombi likikataliwa hapana kontumeshasi." Alituambia pia kwamba kwao Goa maaskofu walilitumia kwa mapadri wasiosikia, na kwamba ni neno la mahakama na la kanisa, si la jikoni. Laiti lingebaki kuwa mchezo.

Nilipelekwa kwa muda Ofisi ya Kazi, chini ya Afisa wa Kazi aliyekuwa na maneno machache na yote mafupi. Huko nilijifunza habari za maskwota, ndio wale wenyeji waliokaa na mifugo yao katika mashamba ya Wazungu kwa kibali, wakilipa kwa kufanya kazi. Wengi wao walizaliwa pale pale kabla ya shamba kuitwa shamba. Kila mara serikali ilipunguza idadi ya ng'ombe ambao mskwota aliruhusiwa kuwa nao. Niliporudishwa mahakamani, kesi za namna hiyo zilikuwa zimejaa.

Ndipo akaletwa Mzee arap Songok.

Alitoka shamba moja la upande wa Ainabkoi, mali ya Kaburu tuliyemwita Bwana Kofia kwa kuwa hakuivua hata mahakamani mpaka aambiwe. Mzee alikuwa mwembamba, amejitanda blanketi, masikio yake yametobolewa kwa desturi ya zamani. Shtaka halikuwa kubwa. Alitakiwa kusema ana ng'ombe wangapi, ili waliozidi waondolewe. Bwana Kofia alimuuliza, akanyamaza. Mkaguzi wa mifugo alimuuliza, akanyamaza. Sasa alikuwa mbele ya Bwana Hakimu.

"Hii mzee kichwa ngumu sana," Bwana Kofia alieleza kwa Kiswahili chake cha shambani. "Mimi nauliza, yeye naangalia milima. Lakini kazi yake mzuri. Ng'ombe yangu naye anachunga vizuri kabisa."

Mtakumbuka kwamba kichwa ngumu si kosa la jinai. Kama mambo yangeishia hapo, mzee angepigwa faini ndogo na kurudi nyumbani. Lakini Bwana Hakimu alimgeukia yeye mwenyewe na kusema polepole, ili niweze kutafsiri vizuri, "Mahakama hii inakuamuru useme idadi ya ng'ombe wako."

Niliitoa amri hiyo kwa Kinandi. Nilikuwa najua kitu ambacho Bwana Hakimu hakukijua. Watu wa kwao hawahesabu ng'ombe, wala hawahesabu watoto. Ukitaja idadi ya ulichojaliwa umekionyesha kwa balaa, nalo litakuja kupunguza. Hata mama yangu mzazi, ukimuuliza ana watoto wangapi, alijibu, "Wapo wa kumaliza sufuria." Mchungaji wa misheni alimuuliza kwa miaka mingi na sufuria ndiyo aliyoipata.

Mzee arap Songok alinigeukia. Kisha akaniambia, kwa adabu kabisa, "Mwambie mkubwa huyu kwamba siwezi kuwahesabu. Lakini sina ng'ombe ninayemficha. Nitawataja mmoja mmoja kwa jina, na mama zao, na rangi zao. Yeye anao watu wa kuandika. Wao na wahesabu."

Nilitafsiri, na moyo wangu ulifurahi, kwa sababu niliona mlango. Bwana Hakimu alikunja uso kidogo, na mzee, akidhani amekubaliwa, akaanza.

"Chelel, yule mweupe, mama yake alitoka kwa shemeji yangu. Cheptui, mweusi, anapenda kutangulia njiani. Chesamoi mwenye madoa, huyu alizaliwa mvua ya mawe iliponyesha. Chebirir, mwekundu, pembe moja imekatika..."

Nami nikayapitisha yote kwa Kiingereza, mvua ya mawe na pembe iliyokatika. Watu waliokuwa nyuma walianza kucheka. Bwana Kofia hakucheka. Nilimwona akiitikia kwa kichwa kila jina lilipotajwa, kwa maana ng'ombe hao aliwafahamu.

"Inatosha," alisema Bwana Hakimu. "Niliuliza idadi."

Hapo nilivunja kanuni ya bomba. Nikasema, "Bwana Hakimu, kwao ni mwiko kuhesabu. Lakini akimaliza majina, idadi tutakuwa nayo."

Aliweka kalamu chini. Hakukasirika. Ingekuwa afadhali angekasirika. "Mkalimani," alisema, "wewe ni shahidi katika kesi hii?"

"La, bwana."

"Basi tafsiri."

Akarudia amri yake mara ya pili, na mara ya tatu, nami nikaitoa mara ya pili na ya tatu, wazi kabisa, kwa Kinandi kizuri ambacho mama yangu alinifundisha. Mzee alinisikia, akaelewa, akamtazama Bwana Hakimu machoni. "Nimeshasema nitakavyofanya," akajibu.

Bwana Hakimu aliandika, kisha akasoma alichoandika. Katikati ya sentensi lilikuwamo neno letu la Jumatatu. Mshtakiwa, alisema, si mjinga wala mzito wa kuelewa, ni contumacious. Kwa sababu hiyo kibali chake kimefutwa, naye aondoke shambani na mifugo yake yote kabla ya mvua za masika.

Nilimfuata mzee nje. Alikuwa amesimama karibu na nguzo ya kufungia farasi, anatengeneza blanketi lake.

"Mwanangu," aliniuliza, "mzungu yule ameniitaje?"

Nilimweleza kama nilivyoelezwa na Karani Mkuu: kwamba kuna mkubwa, kuna amri, na kuna mtu aliyeisikia na kuielewa, akaikataa.

Mzee alimaliza kujifunika blanketi lake. "Mkubwa alikuwepo," alisema. "Amri nimeisikia. Na nimekataa. Basi hajanisingizia." Akacheka kidogo. "Lakini hakuuliza kwa nini. Hilo neno lake halina mahali pa kuuliza kwa nini?"

Jioni ile nilimpelekea Karani Mkuu swali hilo hilo. Alivua miwani, akaifuta kwa tai yake, akairudisha. "Hapana, bana," alisema. "Hiyo neno haina." Jumatatu iliyofuata hakutupa neno lolote. Alituambia tupange mafaili.

Sasa sikilizeni yaliyofuata, kwa kuwa hapa ndipo majuto yangu yalipo. Mzee hakuwa na pa kupeleka mifugo. Kulikuwa na karantini, yaani amri kwamba ng'ombe wa Mwafrika wasipitishwe katikati ya mashamba wasije wakaambukiza ng'ombe wa Wazungu. Njia zote za kwenda kwa ndugu zake zilikuwa zimefungwa, na kukaa hakuruhusiwi. Bwana Kofia alikwenda mwenyewe kumwombea kwa Bwana Hakimu, kofia mkononi, akaambiwa hukumu ni hukumu. Ikabidi ng'ombe wauzwe mnadani, katika boma lililokuwa karibu na stesheni ya reli.

Sheria ya mnada ilitaka mwenye mali ahakikishe idadi kabla ya mauzo, ili baadaye asidai ameibiwa. Na kwa kuwa mwenye mali alikuwa mtu wa Kinandi, akaitwa mkalimani. Nikaitwa mimi.

Dalali alisimama juu ya ua wa mbao na kijiti chake. Kila ng'ombe aliyepita mlangoni alimgusa mgongoni na kutaja namba kwa Kiingereza, nami nikaitaja kwa Kinandi, kwa sauti, ili mzee asikie. Namba ya kwanza ilipotoka kinywani mwangu, aliniangalia. Hakuniangalia kwa chuki. Aliniangalia kama mtu anayemtazama mtoto wake akicheza karibu na kisima. Kisha akavuta blanketi lake, akajifunika kichwa na masikio, akasimama hivyo mpaka mwisho. Nami nilihesabu mpaka mwisho. Chelel alipita, na Cheptui akiwa ametangulia wenzake kama kawaida yake, na yule wa pembe moja. Niliwatambua, lakini kinywani mwangu walikuwa namba tu.

Baada ya hapo nilihamishiwa Kapsabet, kisha Kitale, kisha nikarudishwa Eldoret chini ya mahakimu wengine, na mwisho, bendera ilipobadilika, chini ya Hakimu Mwafrika aliyetumia Kiingereza kikubwa kuliko wote. Mzee arap Songok sikumwona tena. Nilisikia alikufa kwa mwanawe, katika nyumba isiyo na boma la ng'ombe, kabla uhuru haujafika. Karani Mkuu alirudi kwao, na sijui kama huko bado aliwapa watu maneno.

Siku ya kustaafu nilisifiwa sana. Walisema sikuwahi kuongeza neno wala kupunguza, na wakanipa saa ya ukutani. Iko hapa nyumbani Langas, inakwenda vizuri. Nikiitazama nasikia uchungu, kwa maana najua sifa zile zilikuwa za bomba. Kile alichofanya yule mzee kizimbani, mimi katika maisha yangu yote ya kazi sikukifanya hata mara moja kwa ukamilifu. Nilijaribu, nikaambiwa tafsiri, nikatafsiri.

Wajukuu wangu wanapenda kisa hiki, na kila mara huuliza jambo lile lile. Juzi mkubwa wao, ambaye sasa ni mwalimu, alinikazia macho: "Babu, uliwahesabu wewe mwenyewe. Tuambie basi, walikuwa wangapi?"

Idadi ninayo. Haijawahi kunitoka, hata nikiwa na homa.

"Palikuwa na Chelel, mweupe," nilimwambia. "Palikuwa na Cheptui, mweusi, aliyependa kutangulia njiani. Palikuwa na Chesamoi, aliyezaliwa siku ya mvua ya mawe..."