Mikono ya Bi Mize

Ipo siku moja naikumbuka, mwanangu, na leo nakupa wewe. Ilikuwa miaka michache baada ya Mapinduzi, msimu wa karafuu, nami kijana nachambua karafuu shambani Kizimbani na wanawake wenzangu.

Akaja mtengeneza sinema kutoka Hungaria, Bwana Andrashi, na mkalimani wake, Mwalimu Salum Khatibu. Siku tatu alikaa nasi jamvini akiandika daftarini tu, kamera imo sandukuni. Bi Pili Makame akauliza huyu kaja kupiga sinema au kuandika posa.

Akatueleza habari zake. Kwao alianza kwa kuandika vitabu. Vita vikaunguza nyumba ya mama yake na picha zake zote. Akabaki na kumbukumbu ya mikono ikikanda mkate, sura ikaanza kumpotea. Ndipo akashika kamera. Sinema zake nyingine wakubwa wa kwao walizifungia kabatini (hapo Mwalimu Salum alishusha sauti), naye akarudi kwenye kalamu mpaka alipofunguliwa njia.

Sasa alitaka kumpiga sinema Bi Mize binti Haji, mkubwa wetu sote. Bi Mize alichambua bila kutazama, karafuu huku, makonyo, vile vijiti vyake, kule. Filamu ilibaki kipande kimoja tu, na mgeni kesho yake anaondoka. Tukaambiwa tukae nyuma ya Bi Mize, tufanye kazi, tusiangalie kamera.

Mimi nshaazima herini za dhahabu za shangazi yangu, Bi Zuwena. Kizuri chajiuza, kibaya chajitembeza, nami nilijitembeza. Kamera ilipoanza kuunguruma nikajisogeza mbele kidogo kidogo, kama naokota karafuu zilizomwagika, nikageuza uso, nikacheka. Bwana Andrashi akapunga mkono nitoke. Nilimwona. Sikutoka. Filamu ikaisha.

Hakunigombeza. Alikaa juu ya sanduku lake, akafunga daftari. Bi Mize ndiye aliyesema, na mikono yake haikusita:

“Rukia, chombo kile kilifuata mikono. Wewe umekipa meno.”

Wenzangu wakacheka, nami nikacheka nao.

Mwaka wa pili sinema ikaletwa mjini, ikaonyeshwa kwenye shuka jeupe. Bi Mize alishafariki. Binti yake, Asha Juma, alitoka Makunduchi kuja kumwona, maana mama yake hakupata kupigwa picha hata moja. Ukaja uso wangu na herini za shangazi, umejaa shuka zima.

Asha akanishika mkono. “Rukia, mama yuko wapi?”

“Yuko nyuma yangu.”

Akaniachia mkono. Bi Zuwena nilimrudishia herini zake zamani. Hili la Asha sina la kumrudishia.

Basi, mwanangu, mwenzio akiangaliwa, wewe sogea. Zamu yako ikija utaitwa, na isipokuja, hukumzibia mtu. Mungu akupe jicho la kuwaona wakubwa zako wangali hai, na akupe watakaokumbuka mikono yako.