Mfaume na Masikio ya Komando

Mfaume analinda geti letu hapa Mtoni mwaka wa kumi na moja sasa, na miaka yote hiyo hakuwahi kumgusa mbwa. Bakuli la chakula alilisukuma kwa mpini wa ufagio. Pua yenye unyevu ikimgusa suruali, kazi imesimama: ataivua, ataiosha mara saba, mara moja kwa udongo, kama dini inavyotaka. Sisi pia ni Waislamu na mbwa wetu, Komando, hatumlazi ndani, lakini Mfaume alikuwa amezidi. Nilimcheka sana.

Mwaka huu kupe walimjaa Komando masikioni. Manyoya yakagandamana, akajikuna mpaka damu. Tulimpata akiwa mkubwa tayari, na kule alikotoka waliwahi kummwagia maji ya moto, kwa hiyo akiona ndoo tu anatetemeka na kutoa meno. Mtu tuliyemwita amwogeshe aliruka ukuta, akaacha hata sabuni yake. Baba yangu, mzee Muhdhar, akakata shauri: baada ya wiki mbili, Jumamosi, siku ya karibu aliyokuwa na nafasi daktari wa mifugo, aje amchome sindano ya kumuua, apumzike na mateso. Nililia, sitasema uongo.

Jioni ile Mfaume akaja barazani.

"Shikamoo, mzee. Hizo wiki mbili niachie mie."

"Wewe? Unayekimbia hata kivuli chake?"

"Ndiyo mie. Sie wawili tunalinda geti moja, mzee."

Siku tatu za kwanza alikaa tu, brashi ya kufulia chini mbele yake, ndoo tupu pembeni, akimrushia Komando dagaa mmoja mmoja. Nikapandwa na hasira.

"Kaka Mfaume, kupe hawafi kwa kuangaliwa!"

"Da Badriya, bado anainusa brashi. Akimaliza tutaendelea."

Siku ya nne brashi iligusa bega mara moja, dagaa, basi. Kesho yake mara mbili. Komando akinguruma, Mfaume anaiweka chini na kumsimulia habari za mpira. Wiki ya pili kikombe cha maji ya vuguvugu kilimiminwa mgongoni, na mbwa hakukimbia.

Ijumaa ya mwisho yalibaki masikio, na masikio yanataka vidole. Nilikuwa dirishani. Mfaume akakunja mikono ya shati, akaingiza vidole vitupu kwenye yale manyoya, akang'oa kupe mmoja, wa pili, wa tatu. Komando alitetemeka, kisha akalaza kichwa kwenye goti lake. Baba, aliyekuwa nyuma yangu, akampigia daktari simu: kesho alete dawa ya kupe, ile sindano aiache.

Magharibi ilikaribia. Mfaume akaenda bombani na kopo lake la udongo, akahesabu kwa sauti mpaka saba. Alipokuwa anajifuta, Komando akamfuata taratibu, akamlamba kiganja chote.

Nikangoja apige kelele. Mfaume alimtazama, akampapasa sikio, akachota udongo mwingine.

"Moja," akasema.