Watoto Wema wa Hadithi Zangu

Riyadh nilikuwa dereva wa familia moja, na kazi kubwa ya dereva wa familia ni kungoja. Madam akiingia madukani mtaa wa Sulimaniyah, nami nikibaki garini, nilikuwa naandika hadithi kwenye simu na kumtumia mke wangu, aliyefundisha shule ya Jumapili kanisani kwetu Kenya. Huko nilikokuwa sikuwa na kanisa. Hadithi ndizo zilikuwa ibada yangu.

Mtindo niliuiba kwa mama mmoja Mwingereza wa karne ya kumi na tisa. Tafsiri ya kitabu chake ilikuwa ikiliwa na mchwa kabatini kanisani, na dibaji ilieleza maisha yake: aliwazika watoto wake watatu, na baada ya kila mazishi akaketi kuwaandikia watoto wa wenzake. Ndiyo maana katika hadithi zake mtoto mwema huugua, husamehe kila mtu, kisha hufa akitabasamu. Yeye alikuwa na sababu. Mimi, mjinga, nilimwiga tu. Niliwaua watoto saba, wote wasafi wa moyo, na watu wazima kanisani walilia wakasema nina kipawa. Nikavimba kichwa.

Kisha mke wangu akapiga simu. Binti yetu wa miaka minane, mgonjwa wa selimundu, alikuwa ametoka hospitali na tabia mpya. Hataki kuomba. Anaiba sukari. Amemtukana nyanya yake.

"Ongea naye," akasema. "Mimi nimeshindwa."

Nikaanza kwa ukali. Mtoto akasema, "Baba, si wale wazuri hufa wote? Mimi sitaki."

Nilizima kiyoyozi ili nimsikie vizuri, kumbe nilikuwa nimemsikia. Niliona aibu na hofu. Ningepanda ndege siku hiyo hiyo, lakini pasipoti yangu ilikuwa kwa kafili, yaani mwajiri aliyenidhamini, na nilipomwomba ruhusa mwezi uliotangulia alinijibu neno moja: mafi. Hakuna, mpaka mkataba uishe.

Nikamwambia zile hadithi nimezitunga mwenyewe, kwamba Mungu hamuui mtoto kwa kuwa mzuri. Nikambembeleza tuombe pamoja, sentensi moja tu.

"Na wewe unaombanga huko?"

"Kila siku, mama," nikajibu kwa fahari.

Akaanza kulia. "Basi wacha, Baba. Wacha kwanza, mpaka urudi."

Nikamwahidi. Kwa miezi kumi na minne iliyobaki sikuomba hata juu ya chakula.