Mahindi ya Kiwanja cha Kiwanda

Barua ya kwanza ilisema kiwanja ni changu. Ya pili, kutoka ofisi ileile ya ardhi, ilisema nimekitelekeza na kwa hiyo miliki yangu inafutwa. Nilizisoma zote mbili nimekaa juu ya ndoo jikoni kwa mama, nikazigeuza kutazama kama nyuma kuna maelezo waliyosahau. Hakukuwa na kitu.

Kiwanja kilikuwa kwenye eneo la viwanda lililopimwa nje ya mji wa Kilosa, upande wa kwenda Mikumi. Nilipewa kwa sharti kwamba nijenge kiwanda ndani ya miaka mitatu. Mimi si mbabaishaji. Mashine ya kukamua alizeti nilikuwa nayo, imefunikwa turubai kwenye banda la mama, na kuku walishaizoea. Nilichimba msingi, nikapandisha tofali upande mmoja. Kilichokosekana ni umeme wa njia tatu wa kuendeshea mashine, ambao tuliahidiwa siku tulipogawiwa viwanja. Nguzo zililetwa, zikalazwa kando ya barabara, zikaota uyoga. Nikiuliza Kilosa, naambiwa faili liko Morogoro. Nikienda Morogoro, naambiwa mbona lilisharudi Kilosa.

Mama ndiye aliyeanza kuingiwa na wasiwasi. Alizaliwa kwenye kambi ya shamba la katani, ambako baba yake alikuja kukata mkonge akabaki moja kwa moja. Aliliona shamba lile likigeuka pori, kisha akaona serikali ikilichukua kwa sababu hiyohiyo. Tangu hapo kwake, na kwa watu wengi wa kwetu, ardhi iliyolimwa ina mwenyewe na yenye majani haina.

"Tutalima," akasema. "Wakija kukagua wakute pamepaliliwa."

Nilikubali bila kuwaza mara mbili. Tulipanda mahindi kiwanja kizima, hadi ndani ya msingi, kwenye chumba ambacho kingekuwa cha mashine. Mama alipalilia mara mbili kwa mkono wake. Wakaguzi walipofika walipiga picha nyingi, naye akawachumia mahindi mabichi, wakashukuru na kuondoka nayo kwenye gari. Jioni ile tulikula kwa furaha. Niliamini kabisa kwamba tumepona, na hapo ndipo ikaja barua ya pili.

Nilifungua kesi. Siku ya kusikilizwa, kwenye korido ya mahakama kule Morogoro, wakili wa serikali, kijana mwembamba, alimwona mama akamwamkia: "Shikamoo, mama." Mama akaitikia marahaba, akamuuliza habari za wazazi wake, akaniambia kijana yule amelelewa. Mimi nilitamani amnyime hata hiyo marahaba.

Wakili wangu alizungumzia umeme. Mtu atajengaje kiwanda kisichoweza kuwashwa? Jaji aliandika, nikapata moyo. Kisha mama akapanda kizimbani kuwa shahidi wetu, na yule kijana akampa picha.

"Mama, haya mahindi unayatambua?"

"Nayatambua. Ni yangu."

"Na haya ya hapa katikati?"

"Hayo ndiyo yalikubali zaidi. Pale udongo ulikuwa umechimbuliwa vizuri, kwa ajili ya msingi."

"Kwa hiyo eneo lote lilikuwa linalimwa?"

"Lote, mwanangu. Hatukuacha hata hatua moja."

Mtu mmoja nyuma yangu alicheka. Mama alirudi akakaa, akaninong'oneza, "Nimewaeleza vizuri?" Nikamwambia vizuri sana. Nilikuwa na hasira, na sikujua nimkasirikie nani. Kila alichosema kilikuwa kweli.

Tulishindwa. Hukumu ilisema kiwanja cha kiwanda kimefanywa shamba, na picha zilikuwa kielelezo. Kwenye basi la kurudi nilijaribu kumweleza mama, naye akawa ananiuliza polepole, kana kwamba mimi ndiye sijaelewa.

"Wametaka nini?"

"Kiwanda, mama."

"Bila umeme?"

"Ndiyo."

"Sasa tungeacha majani, wasingetunyang'anya?"

Nikamwambia wangetunyang'anya. Akageukia dirishani. Mashine bado iko bandani, na siku hizi kuku wanaatamia chini yake.

Mwaka huu kiwanja kimepewa mtu mwingine, mfanyabiashara aliyehamia hapa juzijuzi. Nilipita pale kwa pikipiki nikitokea Mikumi, nikamkuta ameinama na jembe, suruali kaikunja. Nguzo bado zimelala palepale. Mahindi yake yalifika magotini, mistari imenyooka. Kwa nafsi yangu mbaya nilitaka kumwacha aendelee. Nikashindwa, nikasimama, nikamweleza kesi yangu yote, na picha zile, na hukumu. Nikamwambia ayang'oe yote kabla hawajaja kukagua.

Alinisikiliza hadi mwisho, kaegemea jembe.

"Nikiyang'oa," akasema, "si watasema nimekitelekeza?"

Nikamwambia kwamba pale katikati, ndani ya msingi, ndipo yanapokubali zaidi.