Zumaradi wa Pili

Husnah, mwenye kibanda cha kuchapa na kujalidi vitabu pale Wandegeya, karibu na chuo kikuu, hakuwa mwanamke wa kujisifu ila kwa jambo moja: jina la mwanawe. Mtoto aliitwa Zumaradi. Walimu waliandika Zumaladi, majirani wakatamka wanavyojua, naye hakuchoka kuwasahihisha. "Ni r, si l. Ni jiwe la kijani, la thamani. Hamtampata mwingine."

Jina hilo Husnah alilipata kwa kumvunja moyo mama yake mzazi. Bibi huyo, Mnubi wa Bombo, alitaraji mjukuu wa kwanza aitwe Bakhita, jina lake mwenyewe. Lakini siku ya saba Abdul-Latif, mume wa Husnah, dereva wa malori ya Juba, alimpakata mtoto akasema, "Huyu sitampa jina lililokwisha kuvaliwa na mtu. Awe peke yake duniani." Husnah akayeyuka. Abdul-Latif aliwahi kuoa mjini Jinja, wakaachana bila kujaliwa mtoto; ndivyo alivyomweleza. Mwanamume aliyengoja mtoto muda wote huo, nani angemnyima jina? Bibi alisema tu, "Haya, nyinyi ndio mliosoma," akarudi Bombo. Mwaka uliofuata akafa, hawajapata kukaa wakazungumza vizuri.

Miaka tisa ikapita. Siku moja ya mwezi wa Mei, wanafunzi wakiwa mbioni na ripoti zao za mwisho, msichana mmoja mrefu aliingia kibandani na flashi mkononi.

"Mama, nataka nakala tatu. Jalada jeusi, maandishi ya dhahabu."

"Niandike jina gani?"

"Zumaradi Abdul-Latif. Ni r, mama, si l. Watu hukosea."

Husnah alicheka, akidhani anataniwa. Kisha akamtazama usoni, akaona paji pana na nyusi zilizokaribia kugusana. Nyusi zile alizijua.

"Jina zuri," akasema polepole. "Nani alikupa?"

"Baba."

"Na sasa yuko wapi?"

"Sijui. Alikuwa dereva. Nilikuwa na miaka minane alipotuaga pale Jinja, kwamba anapeleka mzigo Juba." Msichana alisema hayo kama mtu aliyezoea kuulizwa. "Aliniambia hakuna mwingine mwenye jina hili. Basi mimi nikaona ni rahisi: popote nitakapokuwa, atauliza jina tu, atanipata."

Husnah akageukia kompyuta. Aliandika jina lile herufi moja moja, kama mtu ajifunzaye kuandika. Kwenye ukurasa wa shukrani alikuta mstari mmoja: kwa mama, aliyekuwa wazazi wawili.

Msichana aliporudi kesho yake kuchukua vitabu vyake, Husnah alifungua kinywa kumwambia, akakifunga.

"Mama, unaumwa?"

"Macho tu, mwanangu. Kompyuta hizi."

Akamwacha aende.

Abdul-Latif aliingia Alhamisi kutoka safarini. Husnah alimngoja ale ashibe.

"Nimemwona Zumaradi."

"Si yuko shule?"

"Wa Jinja."

Mikono ya mume ilisimama ndani ya bakuli la kunawia.

"Uliniambia hukuwa na mtoto."

"Ningekwambia, ungenikubali?"

"Na jina? Majina yameisha duniani, Baba Zumaradi?"

Abdul-Latif alijifuta vidole, kimoja baada ya kingine. "Lilikuwa jina zuri, Husnah. Nililipenda. Ulitaka lipotee bure?"

Husnah alikuwa amejiandalia hasira kwa ajili ya uongo wake, na hasira kwa ajili ya mke wa Jinja. Kwa neno hili hakuwa amejiandalia.

"Anakungoja," akasema.

"Ni mtu mzima sasa." Kisha akauliza kama kuna chai.

Wiki iliyofuata Husnah alifunga kibanda mchana, akaenda hosteli alikokuwa akikaa yule msichana, kama wanafunzi wenzake walivyomwelekeza, ameazimia kumweleza yote. Aliambiwa amekwisha hama, amerudi kwao, na namba ya simu hakuacha. Jalia, dada yake Husnah, alimshauri adai talaka. Hakudai. Alichojaribu ni kumkalisha mwanawe kitandani na kumuuliza, "Tukikuita Bakhita, jina la bibi yako, utapenda?" Mtoto aliangua kilio. "Hilo si langu! Langu baba aliniambia liko moja tu."

Tangu siku hiyo jina lilimkwama Husnah. Akawa anamwita "wewe," au "njoo hapa," au anamgusa bega tu. Asubuhi moja, akimfunga vifungo vya sare, mtoto alimkazia macho.

"Mama, siku hizi huniiti. Nimekosa nini?"

Husnah aliinama, akatafuta kifungo kilichobaki. Hakikuwapo. Vyote alikuwa amekwisha kuvifunga.